Msiba Usio na Maiti

Dalali wa benki alipofika na wanunuzi kupiga mnada nyumba yetu, mama alikuwa bado mahakamani akimwomba hakimu ausimamishe. Mimi, kwa heshima zote nilizofunzwa shule ya bweni, nilikuwa nimeshatandika mikeka sebuleni na kufungulia Yasini kwenye simu. Huku kwetu Kamembe hatutaji bei penye msiba.

Wanunuzi wakavua viatu, wakaketi, wakainamisha vichwa. Dalali naye akavua. Soksi yake ilikuwa imetoboka, na kidole gumba kilichungulia nje, kimepauka kwa vumbi, kikichezacheza karibu na goti langu. Nikauma mdomo nisije nikacheka.

"Pole sana, mutoto. Nani amekufa?"

Hilo sikuwa nimeliandaa.

"Maman," nikasema.

"Maman Nasiba mwenyewe? Ule mwenye alishitaki banki?"

Nikaitikia kwa kichwa.

Kidole kikaacha kucheza. Dalali akavaa viatu vyake polepole, akafunga kamba.

"Mungu amurehemu," akasema, kisha akawageukia wanunuzi. "Basi mwenye kushitaki hayuko tena. Nani anaanza kutaja bei?"