Machungwa ya Baba

Anwani za marafiki na jamaa wa marehemu zilikuwa kwenye flashi, kila mtu na faili lake. Hafidhi alijaribu kuziingiza moja moja kwenye programu ya barua pepe, akachoka. Nje walikuwa wakifunga turubai, na baba yake angezikwa alasiri. Akateua mafaili yote, akabonyeza, yakaingia kwa mkupuo. Kisha akaandika tanzia na kuituma kwa wote.

Ami Nassoro akachungulia mlangoni. "Watu wa mbali wamepata habari?"

"Wote, ami."

"Vizuri. Ila dada yako Salha asijue mpaka afike. Yuko njiani peke yake. Tumemwambia baba amezidiwa, basi. Akifika tutamkalisha kitako, tumwambie."

Hafidhi akaigeukia kompyuta. Aliteremsha majina taratibu. Salha alikuwemo.

Simu ikalia.

"Hafidhi, tumesimama kidogo hapa tunakula," Salha alisema. "Baba ameamkaje? Nimeona machungwa mazuri, namchukulia. Hata akishindwa kula, nitamkamulia."

"Salha, sikiliza..."

"Ngoja, usikate. Naona barua pepe yako imeingia. Hebu niisome."

"Usiifungue! Salha!"

Ami Nassoro alikuwa amekwishaelewa, akashika kizingiti. Hafidhi aliikandamiza simu sikioni. Alisikia injini ikinguruma, watu wakicheka, kisha sauti ya mchuuzi, kwanza karibu, halafu kwa mbali, ikizidi kupaa:

"Dada! Dada, unaacha machungwa yako!"