Kwaheri ya Askari wa Torino

"Mkumbatie, Ersilia! Anakwenda vitani huyo, haendi sokoni!"

Amedeo Ferraris alikuwa amepanda juu ya kasha, sauti imemkauka. Sinema hii bubu ya askari anayemuaga mchumba wake ndiyo ingeiokoa studio yake ndogo ya Torino, au kuizika. Na binti yake kasimama mbele ya kamera kama mlingoti.

"Ananuka kitunguu saumu, baba."

"Na wewe umenenepa," alijibu Ruggero, yule askari, akivuta sare yake ya kuazima. "Mikono itakufika wapi?"

Amedeo alicheka moyoni. Ndiyo maana alimchagua Ruggero. Waigizaji wengine walimkodolea Ersilia macho. Huyu alikuwa akizozana naye asubuhi mpaka jioni. Kwa kijana kama huyu, baba mwenye binti mzuri analala usingizi.

"Semeni chochote," aliwaambia. "Tukananeni mkitaka, hakuna atakayesikia. Mimi nataka machozi tu."

Mpiga picha akaanza kuzungusha mpini wa kamera. Ruggero akamshika Ersilia, akamwambia neno. Ersilia akalia machozi ya kweli. Kisha Ruggero akapiga goti, akalaza shavu kwenye tumbo lake, akainua uso na kusema tena, midomo ikimtetemeka.

Hilo la goti hakuna aliyemwelekeza. Amedeo alijifuta macho kwa kofia yake. Kumbe kijana ana kipaji!

Siku sinema ilipoonyeshwa mara ya kwanza, ukumbi ulifurika. Askari alipopiga goti, wanawake waliangua kilio, na mpiga piano aliyeisindikiza sinema akakosea noti. Aliyecheka ni mmoja tu: Bibi Teresina, mama mkwe wa Amedeo, kiziwi tangu utotoni, aliyezoea kusoma maneno kwenye midomo ya watu. Alicheka hadi kofia ikamdondoka.

Amedeo, uso umemwiva kwa aibu, akamgeukia ili Bibi aione midomo yake vizuri. "Mama, unatuumbua! Mtu anamuaga mchumba wake, wewe unacheka?"

"Anamuaga wapi!" Bibi alipangusa macho kwa shali. Hakuwahi kujua sauti yake ilivyo kubwa. Ukumbi mzima uligeuka. "Anamwambia, 'Akizaliwa wa kiume, mke wangu, tumpe jina la Amedeo. Pengine babako hatatuua.'"