Vidato vya Mnara wa Mwamba Shungi

Saa moja na dakika kumi asubuhi, baada ya siku nne za bahari kuchafuka, boti ya mkunga ilifika kwenye mnara wa taa wa Mwamba Shungi. Tangu mnara huo ujengwe, anayezaliwa ndani yake huwa mlinzi wake kisheria, na haondoki mwambani hadi afe. Shaali, mlinzi wa nne, alimshika mkono mkewe Saumu, mzaliwa wa bara, wakaanza kushuka vidato vya ngazi kutoka chumba cha juu, kuelekea botini. Uchungu ulikuwa umeshamkaza.

“Taratibu, mke wangu,” alisema Shaali.

“Ungebeba mimba hii wewe, ungeruka vidato vitatu vitatu.”

“Akizaliwa nje, taa itazimwa nikifa.”

“Na izimwe. Mwanangu atakwenda shule kwa miguu.”

Saa mbili kasoro dakika tano alizaliwa msichana, vikiwa vimebaki vidato tisa kufika mlangoni. Mnara ulimsajili: mlinzi wa tano.