Maneno ya Mwisho ya Jambazi

Amilcare Bonfigli alikuwa anakufa kwa mara ya themanini na tatu, risasi mbili kifuani na mchanga mdomoni, na alichokuwa akimlilia shujaa aliyempakata ni habari za ukweni.

"Loredana ana mimba, ndugu yangu. Mimba yangu! Na mama yake, yule simba jike mwenye masharubu, hataki hata kuniona. Nifanyeje?"

"Kumi na saba," alijibu shujaa kwa huzuni kubwa. "Kumi na nane. Kumi na tisa."

"Safi!" mwongozaji akapiga kelele. "Machozi ya kweli hayo!"

Hakuna aliyeshangaa. Filamu za Roma miaka hiyo zilipigwa picha tu. Sauti zilibandikwa baadaye studio, tena na watu wengine kabisa. Wapo waigizaji waliohesabu namba, wapo waliotaja vyakula, mradi midomo icheze. Amilcare alikwisha kuwa jambazi, kamishna wa polisi, mtawa mla rushwa na daktari mwendawazimu, na hakuna mtazamaji hata mmoja aliyewahi kusikia sauti yake.

Balaa lake lilikuwa Signora Argia, mama yake Loredana. Bila baraka za mama, Loredana aliapa haolewi. Na tumbo halingoji baraka. Basi Amilcare akaenda kwa mama huyo, mtaa wa Testaccio, na keki mkononi, akabonyeza kengele mpaka kidole kikafa ganzi. Mama alionekana dirishani akikwaruza jibini, wala hakugeuza shingo. Dharau ya wazi! Aliyefungua ni Loredana, binti anayejua siri zote za mama yake na asiyetoboa hata moja.

"Mama, nimekuja kwa heshima," Amilcare alianza alipofikishwa mbele ya Signora Argia, macho chini.

"Inua uso ukinisemesha, bwana. Siongei na utosi." Akamkagua juu mpaka chini. "Kila Jumapili naenda sinema, nakukuta maiti. Na filamu zenyewe, maneno yake hayana kichwa wala miguu!"

"Hii mpya ni tofauti, mama. Jambazi anatubu. Njoo uione."

"Nitakuja. Usiponigusa moyo, usikanyage ngazi zangu tena."

Wiki saba baadaye, Jumapili mchana, Signora Argia alichagua safu ya mbele kabisa. Loredana alikaa katikati ya mama yake na Amilcare, koti limefungwa hadi shingoni na joto lote lile.

Jambazi akapigwa risasi. Uso wa Amilcare ukajaa skrini nzima, kila tone la jasho linaonekana, na sauti nzito ya mzee mmoja wa studio ikatoka kinywani mwake: "Mwambieni mama yangu anisamehe. Nilipotea, lakini nilimpenda."

Ukumbi mzima ukaangua kilio. Amilcare naye chozi likamtoka. Hakujua kuwa alikuwa mzuri kiasi kile. Akamchungulia mkwe. Signora Argia alikuwa mkavu kama mkate wa juzi, macho kayakodoa, anapapasa mdomo wake wa juu.

Kwisha habari yangu, Amilcare akawaza, na roho ikamuuma kweli.

Nje alimfuata kwa nyuma.

"Mama, umeionaje?"

Akamwita mara ya pili, mara ya tatu. Mama anakwenda zake tu. Ndipo Loredana alipomgusa mama yake bega, naye akageuka, akamshika Amilcare kidevu kwa vidole viwili.

"Harusi mwezi huu huu," alisema, "kabla mjukuu wangu hajawatolea watu macho. Na siku nyingine ukitaka kuniita simba jike mwenye masharubu, ziba mdomo kwanza. Masikio yangu yaliondoka na mabomu ya vita, lakini macho hayajambo."