Mama, Lia Tena

"Mama, lia tena. Kamera haikuwaka."

Mama akarudi mlangoni, akapangusa macho, akaanza upya. Jamani, mama huyo alijua kulia! Mara ya pili ilizidi ya kwanza, na ya tatu hata dereva wa teksi alitoa leso.

Hicho ndicho alichokifuata msanii. Mjomba wake alimpeleka ng'ambo akiwa mtoto wa chekechea, na tangu hapo mamake alimjua kwa simu tu. Huko alikokulia haikupita siku bila kuulizwa, "Wewe hasa kwenu ni wapi?" Swali hilo lilimchosha mpaka mifupani. Alitaka filamu moja tu ya kulijibu: mlango unafunguka, na waliomo ndani wanampokea kama wao.

Mlango wenyewe, wa bluu, alikuwa ameuchora maisha yake yote. Michoro hiyo ndiyo iliyompa umaarufu. Dereva alipotaka kushuka aulizie nyumba, msanii alimjia juu, akimwonyesha mlango wa bluu. "Niulizie njia ya kwetu? Aibu gani hiyo!" Haya, mwenye macho haambiwi tazama.

Sebuleni kamera iliendelea kurekodi.

"Na udaktari umeuacha?" Mama aliuliza.

"Mama, mimi ni msanii. Nachora, natengeneza filamu."

"Basi, haidhuru. Mradi umerudi."

Dada mtu akamshika kidevu, akamgeuza huku na huku kama anayechagua nyanya. "Kovu lako limekwenda wapi?"

"Labda limepona," akasema msanii, na aibu ikamjaa. Kovu lake mwenyewe halikumbuki! Hata sauti ya Mama aliiona nzito kuliko ya kwenye simu. Ugeni umenimaliza, akawaza, na moyo ukamuuma kwelikweli.

"Achana naye huyo," Mama akasema, akimkata jicho binti yake. "Kaka yako ndiye huyu huyu. Kula, mwanangu. Chumba chako nakifagia kila asubuhi tangu uondoke."

Hapo msanii akashindwa. Akaiweka kamera mezani, akalia kwa kwikwi, tonge likiwa mdomoni. Safari hii hakuna aliyeambiwa arudie.

Mtu akabisha hodi. Mama akaenda, akafungua mlango kidogo tu.

"Samahani jirani," ilisema sauti nyembamba, ile ile ya simu za kila Jumapili. "Nimesimama barabarani tangu asubuhi, miguu imekufa ganzi. Hujamwona mwanangu? Alisema anakuja leo na kamera yake."

Msanii akaacha kutafuna. Mama akageuka, wakatazamana.

"Pole, mwenzangu," Mama akasema, akijibana mlangoni kuziba mwanya. "Wako hajapita huku. Hapa amerudi wangu."