Kicheko Kilichotangulia

Mume wa Letisia alicheka peke yake, wakati kwenye televisheni mwanamume mwenye taulo alikuwa bado anatafuta pa kujificha. Kisha yule mwanamume akajitosa kabatini, ndipo kibanda kizima cha video kikaangua kicheko.

Letisia hakucheka. Mlangoni mumewe alikuwa amesema hajawahi kuingia humu. Tangu alipomwacha kwenye kambi ya wakimbizi Tanzania, akatangulia kurudi Burundi kuwajengea nyumba kijijini Mwakiro, hapa Muyinga mjini, alisema, alikuwa anakuja kununua misumari tu.

Lakini walipoingia, gizani, alikuwa amemvuta mkono. "Usikae hapo, ubao umelegea."

Letisia akapapasa ule ubao wa benchi uliokuwa mtupu pembeni yake. Kweli, ulicheza. Ulikuwa laini kwa kukaliwa, na kiganja chake kikasita kama kilichogusa nguo ya mtu.

Kwenye televisheni, mke wa yule mwanamume wa taulo akashika mlango wa kabati. Mabega ya mume wa Letisia yakaanza kutikisika, kicheko kimeshamjaa mdomoni.

Letisia akamsogelea sikioni.

"Na huyo mwenzako uliyemleta humu, yeye alicheka hapa?"

Mabega yakatulia. Kabati likafunguka, na watu wote wakacheka ila mumewe.