Jongoo Apiga Kura Juu ya Majivu

Bi Kanga amezeeka sasa, lakini akiona majivu yamemwagwa nje ya jiko husimama kidogo na kutabasamu. Hukumbuka enzi za Simba, mtawala aliyetoka mbali, na ule uchaguzi mdogo wa bondeni uliofanywa baada ya mjumbe wao, mzee Kongoni, kufariki.

Sheria ya Simba ilikuwa hivi: mpiga kura apite mara moja juu ya majivu yaliyomwagwa kwa ajili ya mgombea wake, na kila alama ya mguu ihesabiwe kura moja. Wenye miguu minne, rafiki zake Simba, walimtaka Ngiri. Ndege walimtaka Korongo, na walijua watashindwa.

Bi Kanga akaenda kupiga hodi kwenye gogo la Jongoo.

“Ndugu yangu, twende ukapige kura.”

“Mimi, Bi Kanga? Mimi ninayekanyagwa na kila apitaye?”

“Wewe huyo huyo. Una miguu mingapi?”

“Sijawahi kumaliza kuihesabu.”

Jongoo akapita juu ya majivu ya Korongo polepole, ndege wote wakimtazama. Karani Nyani alihesabu alama hadi akaomba maji. Korongo akashinda.

Simba akaghadhibika, akaifuta sheria siku ile ile. “Kuanzia leo, kila kiumbe kura moja, mkubwa kwa mdogo.”

Hicho ndicho ndege walichokuwa wakikidai miaka yote. Bi Kanga akainamisha kichwa asionekane akicheka.

Jongoo peke yake ndiye aliyenung’unika. “Sasa nimebaki na moja tu.”

“Moja,” Bi Kanga akamwambia, “sawasawa na ya Simba.”